UZI MREFU: Bahari inayogeuka tui la nazi kila kusi ikikatika. Ni dunia niliyoibuni, naombeni mnikosoe

Salaam wakuu,

Kuna riwaya naiandika, huu mwaka wa tatu. Dunia yake nimeibuni mwenyewe: visiwa vyake, pepo zake, mwezi wake na watu wake. Ila kilichobeba hadithi yote ni bahari. Kila kusi (upepo wa kusini) ikikatika, kabla kaskazi (upepo wa kaskazini) haijashika, maji ya bahari hiyo hugeuka meupe usiku, weupe wa tui la kasimile, kuanzia mwambani hadi macho yanapokoma. Hayametimeti wala hayapepesi. Yanatoa weupe uliotulia, usiku sita mfululizo, halafu yanazima. Wenyeji wanauita msimu huo Tui.

Rafiki yangu aliyesoma sura tano za mwanzo alinishauri niweke mchawi aliyeilaani bahari, mambo yaishe. Nimelikataa wazo hilo, na ndiyo sababu ya uzi huu. Uchawi huja pale mwenyewe anapotaka na kuondoka pale anapotaka. Kitu chenye msimu wake watu hukihesabu, na wakishakihesabu wanapanga harusi kwa hesabu hiyo, wanapanga safari, wanakopeshana, wanagombana kwa ajili yake. Mimi nataka watu wa visiwa vile waijue bahari yao kama bibi zetu walivyojua bamvua (maji yanapojaa na kupwa sana) na maji mafu (yanapojaa na kupwa kidogo) bila kufungua kitabu.

Sasa kabla hamjaniambia bahari nyeupe haiwezekani: ipo. Na iko jirani na sisi.

Panda kaskazini kutoka kwetu, pita Lamu, pita Mogadishu, fika Ras Hafun mpaka kisiwa cha Sokotra. Ni njia ileile waliyopita majahazi yetu kwenda Uarabuni na kusi na kurudi na kaskazi. Katika maji hayo, na tena kule kusini mwa Java nchini Indonesia, mabaharia kwa karne nyingi wameandika habari za kuingia usiku katika bahari nyeupe kutoka upeo hadi upeo. Januari 1864 meli ya kivita Alabama, ya upande wa Kusini katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, ilikuwa nje ya Pembe ya Afrika. Nahodha wake, Raphael Semmes, alisimulia kwamba walitoka ghafla kwenye maji ya buluu iliyokoza wakaingia kwenye maji meupe, wakadhani wamepanda fungu. Wakatia bildi, ile risasi ya kupimia kina. Kamba ikateremka pima 100, chini hawakukugusa.

Hapo nawaomba msimame kidogo mfikirie. Nahodha mzoefu, usiku hauna mwezi, macho yanamwambia kuna mchanga chini ya meli, bildi inamwambia hakuna kitu. Aamini kipi? Sura yangu ya pili nimeijenga juu ya swali hilo tu.

Tukio lililofanya wanasayansi waache kuona hizi ni porojo za mabaharia ni la tarehe 25 Januari 1995. Meli ya mizigo ya Uingereza iitwayo Lima ilipita nje ya Somalia, na mabaharia wake wakaandika kwenye daftari la safari kwamba ilikuwa kama kupita juu ya theluji au kuteleza juu ya mawingu. Miaka kumi baadaye mwanasayansi Steven Miller na wenzake wakaenda kupekua picha za zamani za setilaiti za usiku ule. Wakalikuta: doa la mwanga, mahali palepale meli ilipokuwa, likionekana usiku tatu mfululizo. Ukubwa wake kilomita za mraba 15,400 hivi. Ukizijumlisha Unguja na Pemba, ni kama mara sita yake. Matokeo yakachapishwa mwaka 2005.

La Java la mwaka 2019 lilikuwa kubwa zaidi, kilomita za mraba zaidi ya 100,000, karibu mara mbili ya Rwanda na Burundi zikiunganishwa, na lilikaa zaidi ya usiku 40. Mashua moja ya matanga ilipita katikati yake bila kujua iko katikati ya nini. Mabaharia wake wakateka maji kwa ndoo. Ndani ya ndoo wakaona nukta nukta zinazowaka bila kupepesa, na walipoyakoroga maji zikafifia zikazima.

Hiyo ndoo ndiyo iliyoniokoa. Nitairudia.

KINACHOYAWASHA

Ninavyoelewa mimi, na wenye biolojia humu mnirekebishe. Anayewaka ni bakteria. Mwaka 1985 meli ya utafiti iitwayo Wilkes iliingia kwenye maji meupe karibu na Sokotra, wakachukua sampuli, wakakuta bakteria aina ya Vibrio harveyi waliojishika kwenye mwani mdogo usioonekana kwa macho. Bakteria hawa wakiwa wachache hawawaki. Kila mmoja anatoa kemikali kidogo majini, na kemikali hiyo ndiyo inayowapa taarifa wako wangapi. Wakiwa wametawanyika, inapotea. Wakisongamana, inajaa hadi kiwango fulani, na wote kwa pamoja wanaanza kutoa mwanga. Wataalamu walianza kuligundua jambo hili kwenye miaka ya 1970 mwanzoni.

Kwa nini wawake? Dhana ya watafiti ni kwamba wanataka kuliwa. Utumbo wa samaki una chakula kingi kuliko maji matupu, na chembe inayowaka inaonekana na samaki upesi.

Weupe wenyewe nao una siri. Mwanga wa bakteria hawa ni wa buluu na kijani. Jicho la mtu kwenye mwanga hafifu halishiki rangi, kwa hiyo anaona nyeupe. Humo kwenye riwaya nina mhusika ambaye paka wake anayatazama maji yale kwa namna tofauti na watu, lakini sijajua niifanyie nini habari hiyo. Niacheni nayo kwanza.

Mkitaka kujua kwa nini pale Somalia hasa: kusi ikivuma kwa nguvu kuambaa pwani ile, inayasukuma maji ya juu kwenda bahari kuu, na maji baridi ya chini yanapanda kuziba nafasi, yamebeba rutuba. Mwani mdogo unazaana kwa wingi, na kila anayekula mwani anafuata. Taarifa za bahari nyeupe upande huu wa Bahari ya Hindi zinajaa zaidi mwezi wa Agosti, kusi ikiwa imeshika, na tena mwezi wa Januari, kaskazi ikiwa imeshika. Pepo zetu mbili zilezile.

KANUNI YA TUI LANGU

Nimeazima kila kitu hapo juu kisha nikageuza mambo mawili. La kwanza, kwenye dunia yangu maji hayawaki upepo ukiwa mkali. Kusi inavuma miezi mitano, inapandisha maji ya chini, mwani unajaa. Halafu kusi inakatika, inaingia tanga mbili, kipindi cha kati ya pepo mbili, bahari inalala. Mwani unakufa na kuoza, bakteria wanasongamana juu yake, na usiku mmoja kiwango kinafika. Kwa hiyo kusi ikiwa dhaifu, Tui huwa jembamba. Kusi ikichelewa kukatika, Tui huchelewa. Mzee anayesikiliza makuti ya nyumba yake mwezi mzima anaweza kukisia siku.

La pili ni mwezi, na hapa ndipo nilipolia furaha siku nilipolipata.

Bahari nyeupe haionekani mbele ya mbalamwezi. Hata setilaiti huziona vizuri usiku usio na mwezi tu. Maana yake maji yanaweza kuwaka kweli na asijue mtu. Basi nikaipa dunia yangu mwezi wa siku 40, kuandama hadi kuandama. Mwaka wao, kusi hadi kusi, nikaupa siku 370. Miezi 9 ni siku 360, zinabaki 10. Kila mwaka Tui linapoingia, linaukuta mwezi umesogea siku 10 mbele, robo kamili ya safari yake.

Tazameni kinachotokea. Mwaka wa kwanza Tui linaingia mwezi haupo. Usiku mzima bahari ni nyeupe. Hilo wanaliita Tui la Giza. Mwaka wa pili linaukuta mwezi wa nusu unaokua, ambao huzama saa sita usiku: watu wanakwenda kulala bahari ikiwa ya kawaida, wakiamka kwa ajili ya alfajiri wanaikuta nyeupe. Hilo ni Tui la Alfajiri. Mwaka wa tatu mwezi ni mpevu, unawaka tangu magharibi hadi asubuhi, na hakuna anayeona chochote. Tui Kipofu. Mwaka wa nne mwezi wa nusu unaopungua huchomoza saa sita usiku, kwa hiyo weupe unaonekana jioni na kufutika katikati ya usiku. Tui la Jioni. Mwaka wa tano giza limerudi.

Mtoto wa kule akiulizwa umri anasema "nimeona Giza mbili", nawe unajua hapungui miaka minne.

Hesabu hii ya makumi sikuitoa hewani. Wazee wetu wa mwambao walikuwa na mwaka wa jua wa siku 365, unaoanza Nairuzi, siku ya mwaka mpya, wakiuhesabu kumi baada ya kumi hadi makumi 36, zikibaki siku 5. Sababu yao ni hiihii ya watu wangu: kalenda ya Hijria hurudi nyuma kama siku 11 kila mwaka wa jua, kwa hiyo haiwezi kumwambia nahodha kusi itashika lini. Makunduchi bado wanaoga mwaka kila Julai, na wengi wanaokwenda kutazama hawajui kwamba nyuma ya sherehe ile kulikuwa na kalenda ya kazi. Inaniuma tunavyoisahau. Nikiweza kuipitisha kwa kijana mmoja ndani ya hadithi ya kubuni, nitashukuru.

NDOO

Sasa ile sehemu niliyosema nitairudia. Mwaka wa Tui Kipofu anakuja mgeni kutoka bara, amesafiri siku 30 kuja kuiona bahari nyeupe. Anakaa usiku wa kwanza, wa pili, wa tatu. Mwezi mpevu, bahari inang'aa kama bahari yoyote iliyopigwa na mbalamwezi. Anasema amedanganywa, anadai nauli yake irudishwe, na mji mzima unaona aibu.

Binti wa nahodha, miaka kumi na miwili, hasemi kitu. Anashuka pwani na mtungi, anateka, anapanda nao hadi ghala la karafuu la baba yake ambalo halina dirisha. Anamwita mgeni. Anafunga mlango na kuziba upenyo wa chini kwa kanga. Wanakaa kimya hadi macho yazoee giza. Kwanza mgeni anaona mdomo wa mtungi, duara jembamba, kama mtu aliyepaka ukingo wake chokaa. Kisha anainama na kuona nukta. Anatia kidole anakoroga, zinazima zote, anashtuka akidhani ameua kitu. Binti anamshika mkono: "Subiri, shemeji." (Kule mgeni yeyote huitwa shemeji.) Maji yanatulia. Zinarudi, moja moja.

Kurudi huko ni kwangu, kwenye taarifa ya ndoo ya kweli nimekuta kufifia tu. Kama kuna sababu ya kibiolojia ya kunizuia, niambieni nilirekebishe kabla halijachapwa.

=== NIMERUDI, NAJIBU MASWALI ===

Nashukuruni sana, sikutegemea majibu mengi hivi.

Mdau wa kwanza anasema kwao Pemba maji huwaka ukipiga kasia usiku, hivyo hakuna jipya. Mkuu, hayo ninayajua na nayapenda. Nilikuwa darasa la tano mjomba aliponichukua kwenye ngalawa usiku wa giza. Nilining'iniza mkono majini, cheche zikakimbia kutoka vidoleni hadi kwenye kiwiko, na nilipoutoa zikabaki mbili tatu kwenye vinyweleo. Mjomba akasema, "Shika upondo, nuru hizo hazikwishi, utazikuta kesho." Lakini hao ni viumbe wengine. Wale huwaka wakiguswa: kasia, samaki, wimbi, mkono. Ukiacha kugusa wanazima. Bakteria wa bahari nyeupe ni kinyume, wanawaka bila kuguswa na ukiwakoroga wanafifia. Ndiyo maana aliyewahi kuona cheche za kasia hajaona bado ninachokisema. Katika riwaya zote mbili zipo, na wavuvi wana maneno mawili tofauti: cheche ni "za mkono", Tui ni "la kina". Mabaharia wa ile mashua ya Java walihisi mwanga unatoka chini, kama mita kumi, badala ya usoni pa maji, na neno "kina" nimelitoa huko.

Mwingine ameuliza kwa nini nisiweke miezi miwili ili pawe na ugeni zaidi. Nilijaribu. Miezi miwili inavuruga bamvua, na bila bamvua inayotabirika sina wanawake wakulima wa mwani, sina kuokota chaza, sina nusu ya mji wangu. Mmoja unatosha. Halafu kuna zawadi ambayo sikuipanga: Tui la Giza linaangukia mwezi ukiandama, yaani bamvua. Nikaweka kama kwetu Unguja, ambako bamvua hukupwa sana mnamo saa nne, asubuhi na usiku. Kwa hiyo mwaka wa Giza, saa nne ya usiku, maji yanakimbia hadi mwambani na kuacha vidimbwi kwenye mchanga, kila kidimbwi cheupe peke yake. Watu wanatoka na watoto wao kutembea katikati. Hakuna anayebeba taa. Huo ndio usiku wanaoposana.

Ndugu aliyeuliza kama hali ya hewa ikibadilika Tui litabadilika: swali lako limenikosesha usingizi, kwa namna nzuri. Mwaka 2025 Justin Hudson na huyohuyo Miller, wa Chuo Kikuu cha Colorado State, walitoa mkusanyo wa taarifa zaidi ya 400 za bahari nyeupe za miaka 400, na wakaona zinahusiana na mizunguko mikubwa ya hali ya hewa ikiwemo El Niño. Sisi huku El Niño tunaijua kwa mvua na mafuriko. Kwamba inagusa pia mwanga wa bakteria nje ya Somalia, mimi nilikuwa sijawahi kuwaza. Basi katika riwaya nitaongeza jambo: hesabu ya makumi iliyokuwa sahihi kwa vizazi saba inaanza kukosea. Kusi inakatika siku nane baadaye, kisha kumi na mbili. Tui linalotakiwa kuwa la Giza linaukuta mwezi umeshakua. Watu wamevaa, wameshuka pwani na maposa yao, na bahari iko wazi chini ya mbalamwezi. Wazee wa hesabu wanalaumiana. Ni yule binti, sasa mtu mzima, anayeteka maji kila usiku mwaka mzima na kuyaingiza ghalani, ndiye aliyekuwa ameona Tui linasogea. Hakuna aliyekuwa amemuuliza.

La mwisho linahusu uvuvi, na hapa ninahitaji msaada wa kweli. Wavuvi wa dagaa kwetu hufanya kazi usiku wa giza. Mbalamwezi ikiwaka wanapumzika, kwa sababu dagaa hutawanyika na karabai haiwavuti. Sasa bahari nzima ikiwa taa, karabai ina kazi gani? Nimeamua kwamba wakati wa Tui nyavu zinaanikwa, zinashonwa, madeni yanalipwa, na hakuna chombo kinachotoka. Pia samaki anayepita juu ya weupe ule anaonekana mweusi, kivuli kitupu, hivyo kuna vijana wanaovunja mwiko na kwenda na mikuki.

Swali langu kwa aliyewahi kuvua dagaa kwa taa, iwe baharini au Tanganyika: usiku wa saba, Tui likishazima na giza kurudi, dagaa waliokaa usiku sita kwenye mwanga watakuja upesi kwenye karabai au watachelewa? Mjomba ningemuuliza lakini hayupo tena. Sura ya tisa imesimama hapo, nyavu ziko chomboni, taa imewashwa, na sijui niandike nini kinachopanda kutoka chini.